Filamu saba za mahakama na shuka moja jeupe: ipi itafaa barazani?

Jumamosi moja kila mwezi, baada ya Isha, vijana wa mtaa wetu hapa Kibokoni, Mombasa, hutundika shuka jeupe kwenye ukuta wa nyumba ya ami yangu, wakawasha projekta ya kuazima, na uchochoro mzima ukageuka sinema. Wazee huketi barazani, watoto mkekani, kina mama madirishani juu. Muuza viazi vya karai hupata riziki yake. Mwezi huu zamu ya kuchagua imeniangukia mimi, na agizo ni moja tu: filamu ya mahakama.

Agizo lina sababu. Mwaka jana kijana wetu mmoja alikaa rumande miezi saba kwa simu ambayo hakuiiba, na tangu aachiliwe mtaa mzima umekuwa mawakili. Mimi ndiye niliyekuwa nikienda kila kesi ilipotajwa, kwa hiyo benchi la nyuma nalijua. Mbao imelika ikang'ara, mmebanana bega kwa bega, simu umeizima, masikio yote kwa karani asije akaita jina ukalikosa. Ikifika saa tano unaambiwa faili haionekani, rudini tarehe 14.

Basi nilipokuwa nikizipitia hizi filamu, sikuuliza ipi imepata tuzo nyingi. Niliuliza: hii inanikalisha wapi? Mahakama ina viti vyake. Kuna kiti cha hakimu, meza ya wakili, kizimba, na kuna benchi letu la nyuma. Kila filamu huchagua kimoja ikakuweka hapo mpaka mwisho, na ukijua ni kipi, unajua pia ni nani atakayeipenda na nani atakayelala.

Chumba cha watu kumi na wawili

Ya kwanza ni ile ambayo kila anayejua sinema huitaja, 12 Angry Men ya 1957. Lakini tuelewane kwanza kuhusu juri, maana ukiionyesha Mombasa bila maelezo, dakika kumi za mwanzo zitaliwa na "hawa kina nani?" Kwa Wamarekani, raia kumi na wawili wa kawaida, wasiosomea sheria, husikiliza kesi, wakafungiwa chumbani, na hutakiwa wakubaliane wote: ana hatia au hana. Kenya hatuna kitu hicho. Enzi za Mwingereza juri ilikuwapo, ila ilikuwa ya Wazungu peke yao. Mwafrika alipewa wazee wa baraza, watatu katika kesi ya mauaji, ambao walitoa maoni yao kisha jaji akaamua apendavyo. Utaratibu huo ukaendelea hata baada ya uhuru, ukafutwa mwaka 2007. Ami yangu anawakumbuka wazee hao, na husema walikuwa wakishauri kwa mdomo na kusinzia kwa macho.

Filamu yenyewe ni dakika 96, na karibu zote ni ndani ya chumba kimoja chenye meza ndefu, feni iliyogoma na joto ambalo mtu wa Mombasa hahitaji kuelezwa. Kijana wa miaka 18 anashtakiwa kumuua babake kwa kisu. Kura ya kwanza ni kumi na mmoja dhidi ya mmoja. Huyo mmoja ni mwigizaji Henry Fonda, na hasemi kwamba kijana hana hatia. Anasema tu kwamba hawezi kuinua mkono amtume mtu kwenye kifo kabla hawajazungumza. Saa moja na nusu iliyobaki ni mazungumzo hayo.

Kinachonishika kila ninapoirudia ni jinsi ushahidi unavyoliwa kidogo kidogo, kama mchwa na mbao. Mzee anayechechemea aliapa kwamba alifika mlangoni kwa sekunde 15 akamwona kijana akikimbia. Fonda anapima hatua hapo chumbani, anachechemea kama yeye, mwenzake ameshika saa: sekunde 41. Baadaye mmoja wao anaanza kupayuka kuhusu "watu wa aina ile" wanaotoka mitaa ya mabanda. Hakuna anayebishana naye. Wanainuka mmoja mmoja, wanampa mgongo, naye sauti inazidi kumpungua mpaka anabaki akinong'ona peke yake. Sijaona tusi likijibiwa vizuri kuliko hivyo.

Mwongozaji Sidney Lumet, na hii ilikuwa filamu yake ya kwanza ya sinema, alifanya ujanja ambao jicho haliuoni ila kifua kinausikia. Mwanzoni kamera iko juu ya vichwa na chumba kinaonekana kipana. Inashuka taratibu, lenzi zinabadilishwa, na kufikia mwisho dari imekuinamia na kuta zimekuja karibu.

Kasoro? Ziko mbili. Juri yote ni wanaume weupe, na filamu haioni ajabu. Ya pili ni ya kisheria: Fonda anatoa mfukoni kisu pacha cha kile cha kesi, alichokinunua mwenyewe karibu na nyumbani kwa kijana, akakichoma mezani. Sinema tamu kabisa, lakini mwanajuri haruhusiwi kujitafutia ushahidi mtaani. Katika mahakama ya kweli kesi ingeweza kuvunjika hapo hapo. Ukiionyesha, mwanasheria yeyote aliyekaa barazani atakuharibia starehe kwa hilo. Na jambo ambalo vijana watalalamikia: mpaka taa zinawashwa hujui kama kijana aliua au hakuua. Mimi naona hilo ndilo jema lake kuu. Watu wanatoka wakibishana kuhusu shaka, wala si kuhusu mwuaji.

Sasa, kwa baraza letu, ipo Ek Ruka Hua Faisla ya mwaka 1986, ya Basu Chatterjee. Ni hadithi ile ile, karibu neno kwa neno, kwa Kihindi. Kwa mtu aliyekulia Mombasa akiingia sinema za Regal na Naaz, Kihindi cha filamu si lugha ya kigeni. Ami yangu hasomi maandishi ya chini, na macho yake hayangeyafikia hata akitaka, lakini Kihindi anakifuata kwa sikio, na bado humwiga Sunny Deol wa filamu ya Damini akifokea mahakama "tarehe juu ya tarehe". Pankaj Kapur anacheza yule baba mwenye kinyongo na mwanawe, na anafoka mpaka unaogopa mshipa utapasuka. Annu Kapoor, kijana wa takriban miaka 30 wakati huo, amevalishwa uzee wa kupindukia, na utacheka kidogo.

Kinacholetea swali ni kwamba India yenyewe ilikuwa imeshaachana na juri filamu hiyo ilipotoka. Wengi huitaja kesi ya Nanavati ya 1959, ile iliyozaa filamu ya Rustom ya Akshay Kumar: afisa wa jeshi la majini alimpiga risasi mpenzi wa mkewe, juri ikasema hana hatia kwa kura nane dhidi ya moja, jaji akakataa kuikubali, na Mahakama Kuu ya Bombay ikamtia hatiani. Kwa hiyo Chatterjee alipiga filamu ya chumba ambacho nchini mwake hakikuwapo tena.

Kati ya hizo mbili, ya Lumet ina mkono bora kwa mbali. Ya Chatterjee ni mchezo wa jukwaani uliopigwa picha, kamera imesimama tu. Lakini shuka letu lina mikunjo, na mtu asiyefuata Kiingereza cha Marekani cha 1957 kinachosemwa na watu kumi na wawili kwa pamoja hataona hila yoyote ya lenzi. Kwa wazee chukua ya Kihindi. Kwa wanafunzi wa sekondari wenye mdahalo shuleni, ya Kiingereza, bila kusita.

Benchi la nyuma

Hapa ndipo nilipokaa muda mrefu, kwa sababu hapa ndipo mtaa wangu unapokaa.

Court ya Chaitanya Tamhane, ya 2014, inatoka Mumbai. Mwimbaji mzee wa nyimbo za mapambano anakamatwa akiwa jukwaani. Shtaka ni kwamba wimbo wake ulimchochea mfanyakazi wa mabomba ya majitaka ajiue. Hakuna anayepiga meza wala shahidi wa ghafla anayeingia mlango ukipasuka. Kuna hakimu anayesoma mashtaka kwa sauti ya mtu anayesoma risiti, kuna tarehe, halafu kuna tarehe nyingine. Mwanamke mmoja kesi yake haisikilizwi siku hiyo kwa sababu amevaa nguo isiyo na mikono.

Halafu filamu inafanya jambo ambalo filamu za mahakama hazifanyi: inawafuata mpaka majumbani. Wakili wa utetezi anaingia duka kubwa kununua jibini na mvinyo, halafu anapanda gari lake. Kiongozi wa mashtaka, mama wa watu, anapanda treni, anampitia mtoto na kuingia jikoni. Mtu anayetaka mzee yule afungwe miaka mingi anapika chapati vizuri. Sikuweza kumchukia, na nilitaka sana kumchukia.

Mjane wa yule mfanyakazi anapoitwa kutoa ushahidi, kamera inabaki mbali, kana kwamba nawe uko nyuma kwenye benchi. Anasimulia kazi ya mumewe bila machozi. Alikuwa akinywa pombe kwanza ili aweze kuistahimili harufu. Jicho moja liliharibiwa na gesi. Kabla ya kuingia shimoni alirusha kijiwe ndani: mende wakitoka, hewa ipo, anashuka. Siku aliyokufa hakuwa na kifaa chochote cha kujikinga. Wakili anauliza maswali mawili matatu, hakimu anamwamuru karani aandike, na mjane anarudi alikotoka. Kesi nzima ya "kujiua" imebomoka kwa kijiwe na mende, na hakuna aliyeshangilia.

Nilimwekea yule kijana wetu wa rumande sehemu ya kwanza kwenye laptopu, nione. Hakimu aliposema tarehe nyingine ya kesi, alicheka mpaka akashika mbavu. Nikamuuliza kunani. "Kaka, ni hivyo hivyo," akasema. "Hata sauti ni ile ile." Kisha akanyamaza, akatoka nje.

Basi hiyo ndiyo sifa yake. Aibu yake ni kwamba itaniondolea watu uchochoroni ndani ya nusu saa. Picha inasimama mahali pamoja dakika nzima, maneno yamechanganyika Kimarathi, Kihindi, Kigujarati na Kiingereza, na wasiozoea maandishi ya chini wataanza kuuliza bei ya viazi.

Upande wa pili ni Jai Bhim ya 2021, ya T. J. Gnanavel, kwa Kitamil, na ipo pia iliyotiwa sauti za Kihindi. Wakili Chandru, anayechezwa na Suriya, ni mtu wa kweli. Baadaye alikuwa jaji wa Mahakama Kuu ya Madras, na filamu imeegemea kesi aliyoisimamia miaka ya 1990. Watu watatu wa kabila la Irular, wawinda panya na nyoka, wanasingiziwa wizi wa dhahabu. Polisi wanawapiga. Kisha polisi wanasema wametoroka. Sengeni, mke wa mmoja wao, mjamzito, anamtafuta mumewe.

Filamu inaanza nje ya lango la jela. Wafungwa wanaachiliwa, na kila anayetoka anaulizwa yeye ni wa tabaka gani. Wa tabaka za juu wanaambiwa nenda zako. Wa chini wanawekwa kando, na polisi walioegesha gari pale wanagawana hao watu wawabambikie kesi ambazo hazijapata mshtakiwa. Vijana wa Majengo na Kisauni, ambao wanajua maana ya kuulizwa "unatoka mtaa gani?" kabla ya jina, hawatahitaji maelezo.

Chombo cha wakili ni kimoja: anaiomba mahakama iamuru mtu aliyezuiliwa aletwe mbele yake, yu hai au amekufa. Hapa Pwani chombo hicho si hadithi ya India. Kuna kina mama waliokwenda mahakamani kuuliza walipo wanao, na mashirika ya haki za binadamu kama MUHURI na Haki Africa yamesimama nao. Katiba yetu ya 2010, kifungu cha 49, inataka aliyekamatwa afikishwe mahakamani kabla ya saa 24 kwisha, na kifungu cha 25 kinasema haki ya kuomba amri hiyo haipunguzwi kwa sababu yoyote. Filamu itakupa picha ya karatasi hiyo ikifanya kazi, hatua kwa hatua, kuliko semina yoyote niliyowahi kupewa soda.

Lakini Jai Bhim ni sinema ya shujaa. Ngoma zinalia, Suriya anatembea polepole kortini, na unajua tangu mwanzo nani ataanguka. Court haikupi faraja hiyo. Kipigo cha kituoni kinaonyeshwa kwa muda mrefu, na kinatisha. Watoto waondoke mkekani kabla. Urefu wake ni saa mbili na dakika 44, maana yake mkianza saa tatu usiku mtamaliza karibu na saa sita, na asubuhi kuna watu wa feri. Hata hivyo, picha ya mwisho, msichana mdogo amekaa kwenye kiti kando ya wakili, gazeti mkononi, mguu juu ya mguu kama yeye, imenitoa machozi mara mbili, na mara ya pili nilijiandaa.

Zilizobaki, kwa haraka zaidi

Just Mercy ya 2019 inakukalisha kwenye chumba cha waliohukumiwa kifo. Walter McMillian, mkata miti mweusi wa Monroeville, Alabama, alihukumiwa mwaka 1988 kwa kesi iliyochukua siku moja na nusu. Juri, watu kumi na mmoja weupe na mmoja mweusi, ilimkuta na hatia lakini ikapendekeza kifungo cha maisha. Jaji akaitupilia mbali akampa kifo. Aliachiliwa 1993, kwa kazi ya wakili Bryan Stevenson. Kwa anayedhani juri ni dawa ya kila kitu, hii ndiyo ya kumwekea baada ya Henry Fonda. Monroeville ndiko alikozaliwa mwandishi wa kitabu kilichozaa To Kill a Mockingbird, filamu ya wakili mweupe anayemtetea mtu mweusi aliyesingiziwa, na wenyeji kwenye filamu wanamhimiza Stevenson akatembelee makumbusho yake, huku McMillian akioza gerezani. Kejeli hiyo inatosha kunifanya niiache ile ya 1962 nje ya orodha, pamoja na uzuri wote wa Gregory Peck. Filamu ya 2019 Kiingereza chake ni chepesi, sura zinajulikana (Jamie Foxx, Michael B. Jordan), na vijana watakaa. Ni salama. Labda salama mno: inasimuliwa kwa adabu, kila jambo mahali pake.

Judgment at Nuremberg ya 1961 inakukalisha kwenye kiti cha jaji, na washtakiwa nao ni majaji, wale waliotumikia sheria za Hitler. Swali lake ni zito kuliko yote: afanyeje hakimu sheria yenyewe ikiwa ndiyo uovu? Ni saa tatu, picha za kweli za kambi za mauaji zimo ndani, na si ya uchochoroni. Itazame peke yako, usiku wa mvua.

Bamako ya Abderrahmane Sissako, 2006, nimeiacha mwisho kwa sababu naipenda nje ya vipimo. Mahakama imewekwa uani, kwenye nyumba ya watu wengi mjini Bamako, na wanaoshtakiwa ni Benki ya Dunia na Shirika la Fedha la Kimataifa. Majoho yamevaliwa, mafaili yamejaa mezani, na pembeni kina mama wanatia vitambaa rangi, mtoto anapita, harusi inakatiza kesi. Nyumba yetu ya Kibokoni kabisa. Mzee mkulima anapopata nafasi yake haongei, anaimba ushahidi wake, na filamu haimtafsiri. Hotuba za mawakili, kwa Kifaransa, ni ndefu kama foleni ya feri Likoni. Lakini ukitaka kujua ua unaweza kuwa mahakama, hakuna nyingine.

Basi tumechagua nini

Wanafunzi, mbele yao ubao na mwalimu: 12 Angry Men. Wazee peke yao na kahawa chungu: ile ya Kihindi. Watu walio na kesi mahakamani hivi sasa: Court, lakini ndani, watu wanane au tisa, si kwenye shuka. Jumuiya nzima, mabinti na mama zao madirishani, na mtu wa kueleza sheria kwa dakika tano mwishoni: Jai Bhim, na muanze mapema.

Ami yangu aliponisikia nikisema Kitamil alikunja uso. "Mwanangu, utatuletea lugha tusiyoijua?" Nikamwambia ipo ya sauti za Kihindi. Akanywa funda moja, akasema basi aletewe kiti chenye mto, kwa sababu saa mbili na dakika 44 si mchezo kwa mgongo wake.

Kwa hiyo ni Jai Bhim Jumamosi hii, na Court wiki inayofuata sebuleni kwetu. Projekta nimeshaihakikisha, na jirani ametoa jenereta iwapo stima itapotea. Kijana wetu wa miezi saba ndiye anayepanga viti. Kaomba jambo moja tu, kwamba yeye asikalie benchi. Tumemtandikia mkeka.